Na Mwenye Tiketi?

Msikilizaji, habari unayo. Dabi ya Kariakoo ya tarehe 8 Machi 2025 haikuchezwa siku hiyo. Simba walisema wamezuiwa kufanya mazoezi Uwanja wa Benjamin Mkapa usiku wa kuamkia mechi, Bodi ya Ligi ikaahirisha, Yanga wakasema tarehe nyingine hawachezi. Yote hayo umeyasikia mpaka umeyakariri.

Kinachotusumbua sisi ni mwenye tiketi. Nani amemuuliza?

Tangu Jumamosi hiyo wachambuzi wamekuwa studio asubuhi, mchana na usiku. Makomandoo, yaani walinzi wa klabu waliokuwa getini, wamejadiliwa, basi la Simba limejadiliwa, msemaji huyu kamjibu yule, yule naye kajibu. Kanuni ya 17, inayohusu haki ya timu mgeni kufanya mazoezi uwanjani, kila mmoja anaitaja. Wanaoifungua na kuisoma hewani neno kwa neno ni wachache mno. Na mwenye tiketi? Kimya.

Huyu ni mtu aliyelipa. Wapo waliopanda basi kutoka mikoani, wakafikia kwa ndugu, wakaomba ruhusa kazini. Wapo mama lishe waliopika sufuria za wali kwa ajili ya umati. Hasara yao haina msemaji, ndiyo maana haina kipindi.

Na aliyesahauliwa si mwenye tiketi peke yake: siku ile ya dabi ilikuwa Siku ya Wanawake Duniani. Twiga Stars walikuwa wamefuzu WAFCON, Kombe la Mataifa ya Afrika kwa wanawake, la Julai 2025 huko Morocco. Jamani, walipewa dakika ngapi? Msemaji wa klabu akiandika mstari mmoja mtandaoni, vipindi vinakatizwa. Timu ya taifa ya wanawake inasubiri mwisho wa taarifa, baada ya matangazo.

Wahariri wenzetu, inatosha! Watoeni waandishi studio. Wapelekeni shirikisho la soka, TFF, wapelekeni Bodi ya Ligi, wakaulize nani aliamuru geti lifungwe, ripoti ya kamishna wa mechi inasemaje, na fedha ya mwenye tiketi inarudi lini. Wasiondoke bila jibu. Wakinyimwa jibu leo, warudi kesho, na hilo ndilo liwe habari ya kwanza.

Nawe msikilizaji, usikubali kugawanywa Simba na Yanga katika hili. Wote mmelipa. Pigeni simu vituo vyote, hiki kikiwemo, muulize habari ya tiketi. Pigeni leo. Pigeni na kesho.