Aliyeachiliwa na Tribinali Arudishiwe Kazi Yake



Leo tunazungumza juu ya mtu wa kazi ya serikali, tuseme muuguzi au karani, aliyefukuzwa kazi kwa sababu alishtakiwa. Baadaye tribinali ikamwachilia. Je, kazi yake iko wapi?

Tangu mwaka 2016, vita kati ya Wabatwa na Waluba vilipozidi na kutawanya familia nyingi za Tanganyika, shaka imekuwa rahisi kuzaliwa. Neno moja, «alisaidia wale wengine», linatosha kumharibia mtu jina. Lakini Katiba ya 2006, kifungu cha 17, inasema kwamba mshtakiwa huhesabiwa hana kosa mpaka hukumu ya mwisho imtie hatiani.

Sikilizeni mfano wa nchi yetu. Tarehe 6 Novemba 1998, dekri ya rais namba 144 iliwafukuza waamuzi na waendesha mashtaka 315. Walisemwa kuwa wala rushwa, watoro au wasiojua kazi, bila kupewa nafasi ya kujitetea. Watu 68 kati yao walipeleka malalamiko kwa Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa. Mwaka 2003 Kamati iliamua kwamba haki zao zilivunjwa: kwa kuwa njia ya nidhamu haikufuatwa, warudishwe kazini, tena walipwe fidia sawa na mishahara waliyoikosa. Hao hawakusikilizwa kabisa. Basi, aliyesikilizwa na kukutwa hana kosa, tumnyime nini?

Hata hivyo, tuelewane. Tribinali inatazama uhalifu, na baraza la nidhamu linatazama makosa ya kazi. Tribinali ikisema tendo halikufanyika, mkubwa wa kazi asimwadhibu mtu kwa tendo lile lile. Lakini kama kuna kosa lingine, kwa mfano kuacha kazi bila ruhusa, linaweza kuchunguzwa peke yake. Hapo pia mtu aelezwe anashtakiwa nini, asome faili yake, ajitetee.

Wewe uliyeachiliwa, fanya hivi. Kwanza, omba kopi ya hukumu yenye muhuri kwa karani wa tribinali. Kama karatasi zako zilipotea katika kukimbia, rudi uulize pale pale kesi ilipokatwa. Hakikisha hukumu haikatiwi rufaa tena. Pili, andika barua kwa mkubwa wako wa kazi, utaje nambari yako ya matrikule, uombe kurudishwa pamoja na mshahara uliozuiwa. Atie sahihi na tarehe kwenye kopi utakayobaki nayo. Tatu, akikataa au akinyamaza, tafuta avoka mapema, maana mlango wa tribinali za utawala una muda wake, na muda ukipita unafungwa.

Usimtafute aliyekushtaki ili ulipe kisasi. Wala usimchukie aliyewekwa mahali pako, kwa maana yeye alipewa kazi, hakukunyang'anya. Ni juu ya serikali kuwatafutia nafasi ninyi wawili.

Mashefu, kwenu neno ni hili. Hukumu ikitoka, isomeni mbele ya watu kwa lugha wanayoielewa. Mtu akiendelea kumwita mwenzake mwuaji au mwizi baada ya tribinali kumwachilia, mkanyeni waziwazi. Familia iliyokaa miaka bila mshahara, watoto wametoka shuleni, haiwezi kusikia maneno ya amani kama jina la baba bado linatemewa mate sokoni. Uchungu wa namna hiyo ndio unaowapa wenye silaha vijana wetu.

Tunaishia hapo kwa leo. Zungumzeni jambo hili nyumbani na barazani. Amani iwe kwenu.