Usalama wa Mitaa Yetu Waanzia Nyumbani



Januari 2015 wakazi wa vitongoji vya Dar es Salaam walijifungia ndani kwa hofu ya kundi la Panya Road. Septemba 2022 hofu ile ikarudi, watu wakavamiwa usiku majumbani mwao kwa mapanga. Tuliwaita panya, kana kwamba walitoka mashimoni. La hasha! Walikuwa vijana wadogo, waliolelewa katika mitaa kama hii yetu. Polisi hufika baada ya kilio. Mzazi aweza kutangulia. Basi tushiriki ulinzi wa mtaa, mtuhumiwa tusimchome moto bali tumfikishe mbele ya sheria, na kila usiku tuulize: mtoto wetu yuko wapi, na simu hii mpya ameipata wapi?