Mkubwa Anapofoka Mbele ya Watu



Leo, watu wa Kabongo, naomba tuongee juu ya wakubwa wa kazi wenye hasira kali. Kila anayenisikiliza ameshamwona wa kwake: ofisini, shuleni, hospitalini, dukani, kwenye gereji. Ni yule mtu ambaye akiingia asubuhi, wafanyakazi wanaangaliana kwanza wajue leo kaamkaje.

Nilikuwa kwenye depo moja ya mahindi, magunia yanapimwa kabla ya kupakiwa. Hesabu ya karani ilipungua gunia moja. Patroni akampokonya daftari, akalitupa chini mbele ya wabeba mizigo, mbele ya akina mama waliokuja kuuza mahindi yao. "Nani alikufunzaka kazi, we mujinga?" Kijana hakujibu. Aliinama, akaliokota daftari, akalipangusa vumbi kwa mkono wa shati, akaendelea kuandika. Walipohesabu upya, lile gunia lilikuwa limewekwa kando kwa sababu lilipasuka. Patroni akaondoka bila neno.

Yaliyofuata nilisimuliwa baadaye na wabeba mizigo wenyewe, na ndiyo yaliyonileta kwenye maikrofoni. Mvua ziliporudi, bati la depo likaanza kuvuja kwenye kona moja. Karani aliona. Wabeba mizigo waliona. Hakuna aliyesema, kwa maana apelekaye habari mbaya ndiye angefokewa. Harufu ilipotoka, magunia ya chini yalikuwa yameshaoza.

Tunazoea kusema hasira hasara, na kwa kawaida tunamwambia mdogo, ili anyamaze. Mimi nadhani mwenye kuambiwa ni mkubwa. Anayefoka anajifungia mlango wa habari. Na mahindi yana nafuu. Muuguzi akiogopa kumwambia daktari kwamba dawa imekwisha, au fundi wa reli akiogopa kusema kwamba boliti zimelegea, hasara yake haipimwi kwa magunia.

Nchi yetu iliwahi kulipia jambo hili kwa bei kubwa sana. Tarehe 5 Julai 1960, uhuru una siku tano tu, Jenerali Émile Janssens, Mbelgiji aliyekuwa mkuu wa Force Publique, jeshi la Kongo la wakati ule, aliwakusanya wanajeshi kwenye kambi ya Léopold II, kule Kinshasa ya leo. Baadhi yao walikuwa wameanza kukataa amri. Na walikuwa na la kusema: jeshi zima halikuwa na ofisa hata mmoja Mkongomani. Janssens hakuwauliza kitu. Alichukua chaki, akaandika ubaoni kwamba kabla ya uhuru na baada ya uhuru ni sawasawa. Jioni ile maasi yalianza pale kambini na Thysville, mji tunaouita sasa Mbanza-Ngungu. Baada ya siku chache Janssens hakuwa tena na kazi yake, na tarehe 8 Julai ukuu wa jeshi akapewa Victor Lundula, aliyekuwa burugumesta wa Jadotville, yaani Likasi. Lakini moto ulikuwa umeshafika kwetu. Askari wa Ubelgiji walitoka kwenye kambi yao ya Kamina kwenda Lubumbashi na Kananga, na tarehe 11 Tshombe, kiongozi wa Katanga, akatangaza jimbo letu kujitenga. Wazee wa Kabongo wanajua miaka iliyofuata ilikuwaje, sina haja ya kuwasimulia.

Sisemi ubao mmoja ulileta yote yale. Malalamiko yalikuwepo, na siasa ilikuwepo. Nasema watu wale walikuwa wanangoja mkubwa awasikilize, wakapewa dharau mbele ya wenzao. Mtu anaweza kuvumilia mshahara mdogo miaka mingi. Kuaibishwa mbele ya watu hakusahauliki.

Kuna maneno ambayo yanalinda sana hasira hizi: "Muzoee tu, ni tabia yake, ndani ya roho ni mutu muzuri." Huenda ni kweli. Najua pia kwamba mkubwa mwenyewe anabanwa: mwenye mali anampigia simu kutoka Lubumbashi, treni imechelewa, pesa hazijafika. Namwonea huruma. Ila yule anayeshindwa kujizuia mbele ya karani wake, mbona anajizuia vizuri kabisa mbele ya administrata wa territoire? Basi anaweza.

Na sheria haiiti jambo hili tabia. Code du travail ya Kongo, sheria namba 015 ya tarehe 16 Oktoba 2002, kifungu cha 73, inayahesabu matusi mazito, vitisho, unyanyasaji na kupiga kuwa kosa zito la mwajiri. Haijalishi amefanya mwenyewe au amefanya mtu aliyemweka kusimamia. Hata akiwaachia wafanyakazi wamtendee hivyo mwenzao, kosa ni lake. Kwa kosa zito mfanyakazi anaweza kuvunja mkataba papo hapo, lakini amwandikie mwajiri kabla ya siku 15 za kazi kupita tangu alipolijua jambo lenyewe. Wengi hupotezea haki yao hapo. Wanaondoka na hasira, hawaandiki, na mwezi ukiisha wanaonekana wameacha kazi bure.

Wengine watasema, mimi sina karatasi ya mkataba, nilichukuliwa kwa mdomo. Kukosa karatasi hakufuti kazi uliyofanya. Mfanyakazi anaruhusiwa kuonyesha kwa njia nyingine kwamba alikuwa kazini. Wafanyakazi wa serikali ndio wana sheria yao pembeni, ile ya tarehe 15 Julai 2016, kwa hiyo waanzie huko.

Ndugu zangu, kifungu kinachofuata, cha 74, kinamgeukia mfanyakazi. Ukimrudishia mkubwa tusi, au ukamshika shati, nawe umefanya kosa zito, na jambo lililokuwa lake limekuwa lako. Hapo ndipo vijana wetu wengi wanapoangukia. Siku anayofoka, usishindane naye. Ngoja apoe, hata kesho yake, kisha uombe kumwona, na mweleze kwa sauti ya chini: "Mukubwa, kosa langu nimelikubali, nitalirekebisha. Lakini kutukanwa mbele ya watu, hapana. Siku ingine uniite ndani." Nimeona wakubwa wakali wakinyamaza kwa maneno kama hayo, kwa sababu hakuna aliyewahi kuwaambia bila kupiga kelele.

Akirudia, andika. Tarehe, saa, alichosema, nani alikuwepo. Usiyarembeshe na usiyaongeze. Kisha usiende peke yako. Kama kazini kuna wajumbe wa sendika, hiyo ndiyo kazi yao. Kama hakuna, tafuta mzee ambaye mkubwa wako anamheshimu, mchungaji au padri, hata mjomba wake, mkae wote jioni. Hapa kwetu mambo mengi hutengenezwa hivyo, na sioni aibu yoyote ndani yake, mradi mzee huyo asikuombe usahau tu ili amani irudi. Amani ambayo mmoja tu ndiye anainamisha kichwa haitadumu mpaka mavuno.

Na ninyi wakubwa mnaonisikiliza, najua mpo. Kama wiki hii umemtupia mtu maneno mazito mbele ya wenzake, usimwite pembeni umpe pesa ya soda. Mwombe msamaha pale pale ulipomwaibisha, mbele ya wale wale. Halafu uwaulize wafanyakazi kuna nini hukuambiwa mwezi huu, na ukae kimya mpaka wamalize.

Kwa wale walioshindwa kupatana kwa njia hiyo, hatua inayofuata ni inspekta wa kazi. Sheria inataka kesi ipite kwake kwanza ajaribu kuwapatanisha, ndipo iende mahakamani. Kumfikia huko Kamina ni safari ya gharama, najua, na mwenye kuaibishwa mara nyingi ndiye hana nauli. Kwa hiyo nawaomba wafanyakazi wa patroni mmoja mchange nauli. Mtumeni mmoja na daftari lenye tarehe na majina ya mashahidi, awasemee wote.