Mwalimu wa shule ya binafsi hafukuzwi ovyo

Wandugu walimu, walinzi na wafagiaji wa shule za binafsi,

Mapromota wengine wanasema: "Hauna mkataba wa maandishi, kesho usirudi." Wanadanganya. Sheria ya Kazi namba 015/2002 inasema: kama hakuna maandishi, mkataba unahesabiwa kuwa hauna kikomo.

Kifungu cha 62 kinataka sababu halali. Mimba siyo sababu. Kuingia sendika siyo sababu. Kumshitaki mwajiri pia siyo sababu.

Ukifukuzwa bure, kifungu cha 63 kinakupa haki ya kurudishwa kazini, ao kulipwa fidia isiyopita mishahara ya miezi 36.

Chunga karatasi zako. Anzia kwa inspekta wa kazi, kisha tribinali. Usiende peke yako: tutakusindikiza.