Kundi Linapokuvuta

Leo tuzungumze juu ya msichana aliyesema hadharani mambo ambayo wengi wetu tunayaficha.

Anaitwa Nikki Reed. Alizaliwa mwaka 1988 na kukulia Los Angeles, Marekani. Alipofika miaka 13 alibadilika. Aliamka alfajiri kujipamba kabla ya shule, na nyumbani hasira zilikuwa karibu. Catherine Hardwicke, aliyewahi kuwa mpenzi wa baba yake, akayaona hayo. Je, alimgombeza? Hapana. Alikaa naye waandike filamu. Mwanzoni walitaka kuandika vichekesho, lakini maisha yenyewe ya Nikki yalikuwa mazito kuliko utani. Wakaandika kwa siku 6 tu!

Filamu hiyo, Thirteen, yaani Kumi na Tatu, ilitengenezwa kwa fedha kidogo. Ilionyeshwa kwanza Januari 2003 kwenye tamasha la Sundance, na Hardwicke akapata tuzo ya uongozaji.

Kisa chenyewe ni hiki. Tracy ni mwanafunzi mzuri. Anatamani kukubaliwa na Evie, msichana anayevuma shuleni. Anaanza kwa kuiba pochi, eti aonekane naye yumo. Baadaye zinakuja dawa za kulevya, wavulana, na kujiumiza mwili kwa siri. Masomo yanaporomoka. Mama yake yupo nyumba hiyohiyo, lakini hajui.

Sasa sikia. Tracy ametokana na maisha ya Nikki, lakini Nikki mwenyewe alicheza kama Evie, yule mvutaji! Na Evie naye hana raha: hana mzazi wa kumlea, anatafuta mama wa kumpenda. Wadogo zangu, anayekuvuta mara nyingi ana kidonda chake. Kumhurumia sawa. Kumfuata, hapana.

Jiulize maswali haya matatu kuhusu kundi lako:
1. Nikisema "sitaki", bado watakuwa rafiki zangu?
2. Nafanya nao mambo ambayo sithubutu kumwambia mtu yeyote nyumbani?
3. Nikiwa nao, nimeacha kitu nilichokuwa nakipenda?

Na kama unajiumiza, au rafiki yako anajiumiza, usiseme ni wazimu au maringo. Ni dalili kwamba maumivu ya moyoni yamezidi. Hiyo si siri ya kumtunzia mtu. Mwambie mama, shangazi, mwalimu wa malezi au muuguzi wa kituo cha afya. Wa kwanza asipokuelewa, nenda kwa wa pili. Usikate tamaa.

Kusema kwa mdomo kunakushinda? Chukua daftari, andika kama Nikki. Si lazima iwe filamu. Ukurasa mmoja unatosha. Kisha mpe mtu mzima unayemwamini, umwambie asome mbele yako.

Na wewe uliye na rafiki aliyebadilika ghafla, usimcheke. Kaa naye, umsikilize.