Elimu Isiyofichwa kwa Maneno Magumu

Leo twapenda kunena nanyi habari za wataalamu wa fizikia walioandika elimu yao hata mtu asiye mtaalamu akaweza kuisoma.

Mmoja wao ni Stephen Hawking, aliyekuwa profesa wa Cambridge, Uingereza. Mwaka 1988 alitoa kitabu kiitwacho A Brief History of Time, chenye habari za mwanzo wa ulimwengu, nyota na wakati. Alionywa ya kwamba kila fomula atakayoitia kitabuni itapunguza wanunuzi nusu. Basi alibakiza moja tu, ile ya Einstein, E = mc², na mengine yote akayaeleza kwa maneno. Mamilioni ya watu walikinunua.

Lakini mfano mwingine uko karibu nasi zaidi. Mwaka 1963 Erasto Mpemba alikuwa mwanafunzi wa shule ya Magamba, wilaya ya Lushoto. Wanafunzi walikuwa wakichemsha maziwa na kuyatia sukari ili wafanye aiskrimu. Siku moja Mpemba, akiogopa kukosa nafasi katika jokofu, aliyatia maziwa yake yangali moto. Baada ya saa moja na nusu yalikuwa yameganda, na ya mwenzake, ambayo hayakuchemshwa, yalikuwa bado. Alipomwuliza mwalimu sababu, aliambiwa kuwa amekosea, jambo hilo haliwezekani. Baadaye, katika shule ya Mkwawa, Iringa, aliuliza tena, akaambiwa kwamba hiyo ni fizikia ya Mpemba, si ya ulimwengu.

Kisha Dkt. Denis Osborne, mwalimu wa fizikia katika chuo kikuu cha Dar es Salaam, alizuru shule ile. Mpemba akamwuliza: bilauri mbili zina maji ya kipimo kimoja, moja digrii 35, nyingine digrii 100, zikitiwa katika jokofu, kwa nini ile ya digrii 100 huganda kwanza? Wenzake walimcheka. Dkt. Osborne hakucheka, aliahidi kulijaribu jambo hilo, naye alilijaribu.

Mwaka 1969 wawili hao walitoa makala katika gazeti la walimu wa fizikia la Uingereza. Tazameni jinsi ilivyopangwa: kwanza Mpemba asimulia mwenyewe habari za maziwa na jokofu, kwa maneno mepesi, ndipo Dkt. Osborne aleta vipimo vyake. Mtaalamu hakuona haya kumtanguliza mwanafunzi, wala makala haikupungua uzito. Watu wa nchi nyingi waliisoma, na hata leo jambo hilo huitwa kwa jina la Mpemba. Wataalamu wangali wakibishana. Mwaka 2016 wengine walipima upya, wakasema hawakuona ushahidi wa kutosha. Bali mabishano hayo yatokana na swali lililoandikwa wazi, hata kila mtu akaweza kulijaribu.

Sisi wa Kahororo nasi tuna maswali yetu. Kwa nini mchana upepo hutoka ziwani kuja pwani, na usiku hugeuka? Jibu halihitaji maneno ya kigeni. Jua huipasha nchi kavu joto upesi kuliko maji. Hewa iliyo juu ya nchi hupanda, na hewa baridi ya ziwani huja kushika mahali pake. Usiku nchi hupoa upesi kuliko maji, na mambo hugeuka. Mvuvi aelewa, na mtoto wa shule aelewa. Wala hiyo si elimu ndogo.

Kwa hiyo twawasihi walimu wenzetu: mwanafunzi akiuliza neno la ajabu, tusimcheke, tupime pamoja naye. Na ninyi wanafunzi, kuuliza si ujinga. Andikeni mliyoyaona, kwa maneno ambayo wazazi wenu watayafahamu. Kwa maana elimu isiyoweza kusimuliwa nyumbani bado haijafika kwetu.