Japani isiyo na paka wala kahawa

Riwaya za Japani zinasomwa sana Ulaya na Marekani siku hizi, na nyingi zinazopewa nafasi ya mbele madukani ni zile za kuliwaza: paka kwenye jalada, mkahawa mdogo, huzuni inayopoa mapema. Zina haki yake. Lakini zikitanda meza nzima, Japani ya wavuja jasho haionekani.

Mfikirie Yu Miri, mwandishi mwenye asili ya Korea aliyezaliwa Japani. Riwaya yake kuhusu kituo cha treni cha Ueno, iliyotoka 2014, inamfuata Kazu, kibarua kutoka Fukushima aliyekwenda kuijenga Tokyo kabla ya Olimpiki ya 1964, akaishia kulala bustanini, hana makazi. Amezaliwa mwaka mmoja na Akihito, aliyekuwa Mfalme wa Japani hadi 2019, yaani 1933, na mwanawe siku moja na mwana wa mfalme huyo. Jinsi maisha hayo yalivyoachana ndiyo hasira ya kitabu hiki, na Yu Miri haipoozi.

Mwaka 2020 tafsiri ya Kiingereza ya Morgan Giles ilishinda Tuzo ya Taifa ya Vitabu nchini Marekani, heshima ikawaendea mwandishi na mfasiri pamoja. Ni haki kabisa. Mara nyingi mfasiri ndiye anayekigundua kitabu, akatafsiri kurasa za mwanzo na kubisha hodi kwa wachapishaji, pengine bila malipo. Kazi hiyo ilipwe, na jina lake liwekwe kwenye jalada.